Ernst May
Ernst May (Frankfurt, 27 Julai 1886 – Hamburg, 11 Septemba 1970) alikuwa msanifu majengo na mpangaji miji kutoka nchini Ujerumani.

Kati ya miaka 1925 na 1930 aliongoza ujenzi wa maelfu ya nyumba za bei nafuu mjini Frankfurt. Mwaka 1928 mpiga picha Paul Wolff alitengeneza filamu fupi bubu kuhusu kazi hiyo. Mojawapo inalinganisha jiko la zamani na jiko jipya lililobuniwa na Margarete Schütte-Lihotzky ili kumpunguzia mpishi hatua.

Mwaka 1930 May alikwenda Umoja wa Kisovyeti. Kwa kuwa alikuwa na asili ya Kiyahudi, hakuweza kurudi katika Ujerumani ya Hitler. Mwaka 1934 alihamia Tanganyika akawa mkulima, kisha akafungua ofisi Nairobi. Huko alichora mpango wa upanuzi wa Kampala.