Dk. Joseph Warren: Tabibu wa Boston aliyeingia siasa akafia vitani

WAASISI wa taifa la Marekani wanapotajwa, husikika kwanza majina ya George Washington, Thomas Jefferson na Benjamin Franklin. Dk. Joseph Warren hakuwamo miongoni mwa waliotia saini Azimio la Uhuru la mwaka 1776, maana alikuwa ameuawa zaidi ya mwaka mmoja kabla, akiwa na umri wa miaka 34 na akiacha yatima wanne.

Warren alizaliwa Juni 11, 1741 huko Roxbury, jirani na Boston, katika koloni la Massachusetts lililokuwa chini ya Uingereza. Baba yake alikuwa mkulima. Mwaka 1755 mzee huyo alianguka kutoka juu ya ngazi alipokuwa akichuma matofaa, akafa. Kijana Warren alikuwa na miaka 14, ndiyo kwanza anaanza masomo katika Chuo cha Harvard. Alihitimu mwaka 1759, akafundisha shule kwa muda mfupi, kisha akajifunza utabibu chini ya Dk. James Lloyd. Zama hizo aliyetaka udaktari alimfuata tabibu mzoefu, akamsaidia kazi na kujifunza kwa macho na mikono.

Ugonjwa wa ndui ulioikumba Boston mwaka 1764 ndio uliomtangaza. Kinga ya wakati huo ilikuwa ya hatari: usaha wa mgonjwa ulipakwa kwenye mchanjo wa ngozi ya mtu mzima wa afya, ili augue kidogo na kupona. Miongoni mwa waliopitia mikononi mwake ni mwanasheria kijana John Adams, ambaye baadaye alikuwa Rais wa pili wa Marekani. Miaka michache baadaye Warren alikiokoa kidole cha mtoto wa Adams, John Quincy, kilichovunjika vibaya hata ikadhaniwa kwamba kingekatwa. Mtoto huyo naye alikuja kuwa Rais, wa sita.

Ni rahisi kudhani kuwa siasa ilimtoa Warren katika udaktari. Kwa kweli udaktari ndio uliompeleka huko. Tabibu aliingia nyumba ya tajiri na ya fukara, ya mpinzani wa Serikali na ya mfuasi wa Mfalme. Alijua nani ana hofu na nani ana hasira. Bunge la Uingereza lilipoanza kuwatoza wakoloni kodi wasizozipigia kura, kuanzia Sheria ya Stempu ya mwaka 1765, Warren alishika kalamu. Mwaka 1768 makala yake katika gazeti la Boston Gazette yalimkasirisha Gavana Francis Bernard hata akataka wachapishaji washitakiwe. Baraza la wazee wa mahakama lilikataa.

Hata hivyo, uhuru alioupigania ulikuwa na mipaka. Mwaka 1770 alinunua kijana mtumwa. Miaka miwili baadaye alisimama mbele ya umati wa Boston kuwakumbuka watu waliouawa na askari wa Mfalme, akaihubiri haki ya kila mtu kuwa huru. Wenzake wengi waliishi na mgongano huo bila kuona aibu.

Mkewe, Elizabeth, alifariki mwaka 1773. Septemba 1774, baada ya Uingereza kuifunga bandari ya Boston, Warren aliandika maazimio ya wilaya ya Suffolk yaliyowataka wananchi wasizitii sheria hizo mpya na wajizoeze kutumia silaha. Sonara Paul Revere aliyapeleka kwa farasi hadi Philadelphia, na Bunge la Makoloni likayaunga mkono.

Usiku wa Aprili 18, 1775, viongozi wengine wakuu walikwisha kuondoka Boston. Warren alibaki, akapata habari kwamba majeshi yanatoka kwenda kukamata silaha huko Concord. Akawatuma Revere na William Dawes kwa njia mbili tofauti kutoa tahadhari. Shairi mashuhuri la karne ya 19 lilimpa Revere sifa ya usiku ule, aliyemtuma hakutajwa.

Mwezi uliofuata alikuwa Rais wa Bunge la Jimbo la Massachusetts, na Juni 14 akateuliwa kuwa Meja Jenerali. Siku tatu baadaye Waingereza waliushambulia mlima uliokingwa na waasi, katika vita vinavyojulikana kwa jina la Bunker Hill. Warren alifika na bunduki yake. Majemadari Israel Putnam na William Prescott walimpa uongozi. Akaukataa kwa kuwa hati yake ya cheo ilikuwa haijafika, akaomba apangwe pamoja na askari wa kawaida. Baruti ilipowaishia na adui kuvamia kwa mara ya tatu, alipigwa risasi ya kichwa. Waingereza walishinda, lakini zaidi ya askari 1,000 wao waliuawa au kujeruhiwa.

Alizikwa papo hapo bila heshima. Waingereza walipoihama Boston Machi 1776, ndugu zake walimfukua. Revere, aliyekuwa pia fundi wa meno, aliutambua mwili kwa meno ya bandia aliyomtengenezea.

Waliobaki ni watoto, waliolelewa na Mercy Scollay, mchumba wa marehemu. Misaada ilichelewa na fedha zilikuwa haba. Mwaka 1778 aliyejitokeza ni Jenerali Benedict Arnold, aliyetoa dola 500 kwa ajili yao na kuwasihi wakubwa wa Serikali wawakumbuke. Julai 1780 Bunge lilikubali kuwalipa nusu ya mshahara wa Meja Jenerali, kuanzia siku baba yao alipokufa hadi mdogo wao atakapofikia umri wa utu uzima. Septemba mwaka huo huo, njama ya Arnold ya kuikabidhi ngome ya West Point kwa Waingereza ilifichuka, naye akakimbilia kwa adui.