Nina Mae McKinney: Nyota aliyefungiwa milango Hollywood

WAKENYA wanaoitazama filamu ya Uingereza ya mwaka 1935, Sanders of the River, aghalabu huitafuta sura ya Jomo Kenyatta, aliyekuwa akiishi London na akapata nafasi ndogo ndani yake. Macho hayo humpita mwanamke aliyeigiza Lilongo, mke wa chifu Bosambo. Huyo ni Nina Mae McKinney.

Alizaliwa 1912 mjini Lancaster, jimbo la South Carolina, Marekani. Mwelekezi King Vidor alimwona akicheza dansi Broadway katika onyesho la Blackbirds of 1928, akamchukua kuigiza Chick, msichana mjanja anayempotosha mhubiri katika Hallelujah. Ilikuwa miongoni mwa filamu za kwanza za sauti za kampuni kubwa kuigizwa na Weusi watupu, naye alikuwa na umri wa miaka 16 hivi. Ilipotoka 1929, sifa zilimmiminikia na kampuni ya MGM ikampa mkataba wa miaka 5.

Mkataba huo ulikuwa wa jina tu. Hollywood ilimtaka mwanamke Mweusi awe yaya au mjakazi, na McKinney, kwa urembo na madaha yake, hakufaa kushikishwa ufagio. Nyota wa kiume wa MGM walikuwa Wazungu, na kanuni za filamu, zilizoanza kutekelezwa kikamilifu 1934, ziliharamisha mapenzi ya Mweusi na Mzungu. Angeigiza mpenzi wa nani?

Akavuka bahari. Ulaya walimwita Garbo Mweusi, sifa iliyomwazima jina la mwingine ilhali alikuwa na lake. Aliimba kumbini na, katika miaka hiyo ya 1930, akaonekana kwenye televisheni ya BBC wakati chombo hicho kilikuwa kigeni hata kwa Waingereza wenyewe.

Katika Sanders of the River aliigiza na Paul Robeson, aliyetarajia filamu itakayouenzi utamaduni wa Mwafrika. Iliyotoka iliutukuza ukoloni, na Robeson akaikana.

Aliporejea Marekani, McKinney aliigiza katika filamu za gharama ndogo zilizolenga watazamaji Weusi, ikiwemo The Devil's Daughter ya 1939. Miaka 10 baadaye alipata nafasi fupi katika Pinky, filamu ambayo mhusika mkuu, msichana Mweusi, aliigizwa na Mzungu, Jeanne Crain.

Alifariki New York mnamo Mei 3, 1967, akiwa na umri wa miaka 54. Mwaka 1978 aliingizwa katika orodha ya heshima ya wanafilamu Weusi wa Marekani.