AHMAD BIN MAJID, MWALIMU WA PEPO NA BAHARI

Katika Waislamu waliochungua mwenendo wa pepo wakauandika vitabuni kwa manufaa ya waja wa Mwenyezi Mungu, hapana katika Bahari ya Hindi aliyepata sifa kama Shihabuddin Ahmad bin Majid. Vizazi vya mabaharia vilisafiri kwa mafundisho yake. Lakini jina hilo hilo limetiwa doa na tuhuma kubwa, ya kwamba yeye ndiye aliyewaongoza Wareno kutoka Malindi mpaka Bara Hindi katika mwaka wa 1498. Basi yapasa maisha yake yaelezwe, ijulikane ni elimu gani aliyokuwa nayo, kisha tuhuma hiyo ipimwe kwa haki.

NASABA NA MALEZI YAKE

Ahmad bin Majid alizaliwa Julfar, bandari ya Ghuba iliyokuwa katika nchi iitwayo leo Ras al-Khaimah. Mwaka wa kuzaliwa kwake haukuandikwa kwa yakini. Wenye kukadiria husema ni katika miaka ya 1420 au ya 1430. Nasaba ya jamaa zake yarejea kwa Waarabu wa Najd, watu wa bara. Lakini yeye, na baba yake, na babu yake, wote walikuwa watu wa bahari, na wote watatu walikuwa waalimu wa vyombo. Mwalimu wa chombo si nahodha. Nahodha ndiye mwenye amri juu ya chombo na mali iliyomo. Mwalimu ndiye ajuaye njia, na nyota, na siku ya kutweka tanga na siku ya kulituliza.

Baba yake alisafiri mno katika Bahari ya Sham, bahari yenye miamba mingi na mikondo ya hatari, akatunga utenzi wa Kiarabu uliopita beti elfu kueleza njia zake. Ahmad aliusoma utenzi huo, kisha akasafiri mwenyewe pahali pale pale, akaona mengine ni sawa na mengine yana makosa, akayasahihisha. Hakuona kuwa huko ni kumvunjia mzee wake heshima, kwani kosa la mwalimu huzamisha roho za watu, wala bahari haimsamehe mtu kwa sababu kosa alilirithi kwa baba yake.

ELIMU YA PEPO

Kila mtu wa pwani ajua kuwa bahari hii ina pepo mbili kubwa. Kaskazi huvuma tangu mwisho wa mwaka wa miladi hata mwezi wa Machi, ikavileta vyombo vya Arabuni na Bara Hindi katika pwani ya Waswahili. Kusi huanza mwezi wa Aprili ikavirudisha. Baina ya pepo hizi mbili huwa maleleji, upepo usiosimama upande mmoja. Leo wenye elimu wameeleza sababu yake. Bara kubwa la Asia hupata moto mwingi wakati wa jua kali, hewa yake ikapanda juu, na hewa ya baharini ikaenda kushika pahali pake. Hiyo ndiyo kusi. Wakati wa baridi bara hupoa kuliko bahari, upepo ukageuka. Hiyo ndiyo kaskazi. Na kule kuzunguka kwa dunia ndiko kunakoupinda upepo usiende moja kwa moja.

Ahmad bin Majid hakuwa na chombo cha kupima moto wala uzito wa hewa. Alichokuwa nacho ni macho yake, na miaka mingi ya safari, na hesabu. Na hesabu hiyo ndiyo iliyokuwa shina la elimu yake. Miezi ya Kiislamu hufuata mwandamo, na mwaka wake hupungua siku kama 11 kuliko mwaka wa jua. Kwa ibada hesabu hii ndiyo hesabu. Lakini upepo haufuati mwezi, hufuata jua. Atakayesafiri kwa upepo mwema katika Shaabani ya mwaka huu, baada ya miaka kama 16 Shaabani hiyo hiyo itamkuta katika upepo wa kinyume. Kwa hiyo waalimu wa bahari walihesabu siku za mwaka wa jua tangu Nairuzi, siku moja baada ya moja, hata siku ya 365. Ibn Majid aliandika kwa hesabu hiyo siku za kutoka kila bandari na siku za kujizuia kutoka.

Hesabu hii si ngeni kwa Waswahili. Siku ya Mwaka ndiyo Nairuzi hiyo hiyo, na ile miongo waliyoifuata mabaharia na wakulima, ya siku kumi kumi, huhesabiwa tangu siku hiyo. Lakini ina upungufu wake. Mwaka wa jua wazidi siku 365 kwa kadiri ya robo ya siku. Basi Nairuzi husogea siku moja kila miaka minne, na katika miaka 100 husogea siku kama 25. Mwenye kushika hesabu ya babu yake bila kuirekebisha atatoka bandarini karibu mwezi mzima kabla au baada ya wakati wake.

Alieleza pia kuwa kusi ina mwanzo, na kati, na mwisho. Katika mwanzo wake vyombo vya kwenda Bara Hindi hutoka. Ikipata nguvu zake zote, kama mwezi wa Juni na Julai, bahari hufungwa: mawimbi huwa makubwa, mvua hufunika pwani ya Malabar, na bandari zake haziingiliki. Ikianza kulegea mwishoni, njia hufunguka kwa muda mfupi. Mwenye tamaa ya faida akatoka katika wakati wa kufungwa huwa amejitia mwenyewe katika maangamizi.

NYOTA NA ALAMA

Pamoja na pepo alisomesha nyota. Mabaharia walipima urefu wa nyota ya Jahi juu ya upeo wa bahari kwa vidole, na duara zima la mbingu waliligawa vidole 224. Kipimo chao kilikuwa kibao kidogo chenye uzi uliotiwa mafundo. Chombo kikienda kusini, Jahi hushuka hata ikapotea. Hapo hupimwa kwa Farakadi, kisha kwa nyota za Nashi. Upande wa chombo walijua kwa dira, iliyogawanywa sehemu 32.

Alizieleza pia manzili 28 za mwezi, ambazo kuchomoza kwake alfajiri huonyesha majira yanavyokwenda. Katika jambo hili pana mpaka ambao Mwislamu hauvuki. Waarabu wa zama za ujinga walisema kuwa nyota ndiyo iliyonyesha mvua, na Uislamu ukaikataza itikadi hiyo. Nyota ni alama ya wakati, kama saa iliyo ukutani. Saa haileti adhuhuri. Aletaye mvua na upepo ni Mwenyezi Mungu peke yake, naye ndiye aliyezijaalia nyota ziwe uongozi kwa wasafiri wa bara na wa bahari.

Na baada ya nyota kuna alama za karibu: rangi ya maji, ndege, magugu ya baharini, matope yapandayo na bildi, na nyoka wa baharini ambao kuonekana kwao hujulisha kuwa pwani ya Bara Hindi i karibu. Haya mwalimu hujifunza kwa kukesha.

VITABU VYAKE

Alitunga kazi nyingi, na nyingi katika hizo ni tenzi, kwani baharia usiku hana taa ya kusomea kitabu, bali beti aliyoihifadhi huwa naye popote. Katika mwaka wa 866 wa Hijra, yaani 1462, alimaliza utenzi wake mkubwa uitwao Hawiya, uliokusanya misingi ya elimu ya bahari. Na katika mwaka wa 895, yaani 1490, alikamilisha Kitab al-Fawaid, kitabu cha nathari chenye faida 12, ambamo faida ya 11 ni ya misimu ya pepo na ya 12 ni ya Bahari ya Sham. Aliandika pia utenzi wa njia ya Sofala, unaoeleza pwani hii ya Afrika ya Mashariki.

Katika vitabu hivyo alimtaka mwalimu awe mkweli, mstahimilivu, mwenye kuuliza, asiyelala akasahau kazi yake, na awe na tohara awapo chomboni, kwani aliye baharini ni mgeni wa Mola wake. Yeye mwenyewe alikuwa na kasoro moja iliyo dhahiri, nayo ni kujisifu. Waandishi watatu wa kale, Muhammad bin Shadhan, na Sahl bin Aban, na Laith bin Kahlan, aliwaita simba, akajiita yeye wa nne wao. Kisha akasema kuwa wale walikusanya habari za watu tu, nao hawakuijua bahari ila sehemu yake ndogo.

TUHUMA YA MALINDI

Vasco da Gama aliondoka Malindi tarehe 24 Aprili 1498, akiwa na rubani aliyepewa na Sultani wa mji huo, aliyekuwa na uadui na Mombasa. Tarehe 20 Mei alitia nanga Calicut. Safari ilikuwa ya siku 26, kwa sababu rubani yule aliijua kusi na mwanzo wake. Katika kurudi waliiacha pwani ya Bara Hindi mwanzo wa Oktoba, kabla kaskazi haijasimama. Wakakutana na shwari na pepo za mbisho, wakakaa baharini karibu miezi mitatu, na watu wapatao 30 wakafa kwa ugonjwa wa fizi. Bahari ilikuwa ile ile. Tofauti ilikuwa ni kuujua wakati. Na mwaka wa 1505 Wareno waliipora Kilwa na Mombasa. Ndiyo maana tuhuma hii ni nzito.

Nani basi aliyekuwa rubani yule? Habari iliyoandikwa na mmoja wa waliokuwa katika safari ile haimtaji jina, nayo yamwita Mkristo. Mwanahistoria wa Kireno Barros, aliyeandika baada ya miaka zaidi ya 50, amemwita Mwislamu wa Gujarat, kwa jina la Malemo Cana. Na Malemo ni maalimu, ambalo ni jina la cheo. Aliyemtaja Ahmad bin Majid ni Qutbuddin an-Nahrawali wa Makka, aliyefariki mwaka wa 1582, naye akaongeza kuwa alifanya hivyo kwa ulevi. Katika karne ya 20 mtaalamu wa Kifaransa, Gabriel Ferrand, aliikubali habari hiyo, ikaenea. Lakini wachunguzi wengi waliokuja baadaye wameikataa: Ibn Majid hakuwa mtu wa Gujarat, alikwisha kuwa mzee, na mwenye kumtuhumu hakuwapo. Tena njia ile haikuwa siri, kwani vyombo vya Bara Hindi vilikuwapo Malindi siku zile zile, na waalimu walioijua walikuwa wengi.

Dini yamwamrisha Mwislamu aihakikishe habari kabla ya kuisadiki, asije akawadhulumu watu kwa kutojua. Amri hiyo yawahusu wafu kama iwahusuvyo walio hai. Kumwita mtu mlevi na msaliti kwa neno lililoandikwa miaka mingi baada ya tukio, bila shahidi, si uadilifu.

MWISHO WAKE NA ATHARI YAKE

Utenzi wake wa mwisho wenye tarehe ni wa mwaka wa 906 wa Hijra, yaani 1500. Baada ya hapo habari zake zakatika. Lakini elimu yake haikukatika. Sulaiman al-Mahri, mtu wa Shihr, aliiendeleza. Mwaka wa 1554 Sidi Ali, amiri wa manowari za Kituruki, alipigwa na tufani akasukumwa hata Gujarat, na huko akaandika kwa Kituruki kitabu chake Muhit, akitegemea vitabu vya wawili hao.

Leo hali ya hewa hupimwa kwa mitambo iliyo juu angani, na habari ya dhoruba hufika kabla ya dhoruba yenyewe. Lakini wako bado wanaosikia onyo la kutotoka wakatoka, kwa haraka ya faida. Ibn Majid aliwaonya watu wa namna hiyo tangu zamani: upepo una siku zake, na kumtegemea Mwenyezi Mungu hakumwondolei baharia wajibu wa kuzijua.

Mwenyezi Mungu amrehemu, amsamehe makosa yake, na awanufaishe watu kwa elimu aliyoiacha. Amin.