Bruce Lee: Nyota wa Filamu Aliyeinuka Kutoka Kitandani

Mwezi Agosti 1970, Bruce Lee aliumia mgongo alipokuwa akinyanyua vyuma bila kupasha mwili joto. Madaktari walimweleza kuwa huenda asipige teke tena maishani. Alikuwa na umri wa miaka 29, mume na baba wa watoto wawili, na riziki yake ilitegemea mwili huo.

Lee alizaliwa Novemba 27, 1940 katika jiji la San Francisco, Marekani, baba yake, Lee Hoi-chuen, akiwa katika ziara ya maonesho ya opera ya Kichina. Alikulia Hong Kong, ambako aliigiza filamu tangu utotoni na kujifunza mtindo wa Wing Chun kwa mwalimu Ip Man. Mwaka 1959 alirejea Marekani, akasoma chuo kikuu Seattle huku akifundisha kung fu. Mwaka 1966 aliigiza kama Kato katika tamthilia ya televisheni ya The Green Hornet, iliyodumu msimu mmoja tu. Baada ya hapo Hollywood ilimpa nafasi ndogondogo, ikisita kumfanya Mchina kuwa mhusika mkuu.

Akiwa kitandani kwa miezi kadhaa, aliandika mawazo yake kuhusu mapigano, ambayo yalichapishwa kuwa kitabu mwaka 1975, baada ya kifo chake. Alijizoeza taratibu hadi akasimama tena, ingawa maumivu hayakumwacha.

Mwaka 1971 aliigiza The Big Boss, filamu ya kampuni ya Golden Harvest ya Hong Kong iliyorekodiwa nchini Thailand. Ilivunja rekodi ya mapato Hong Kong, na mwaka uliofuata Fist of Fury ikaivunja rekodi hiyo. Mwaka huohuo wa 1972 aliandika na kuongoza The Way of the Dragon, akipambana na Chuck Norris jijini Roma.

Hatimaye kampuni ya Marekani, Warner Bros., ilishirikiana naye kutengeneza Enter the Dragon, yeye akiwa mhusika mkuu na mpangaji wa mapigano. Miongoni mwa vijana waliocheza matukio ya hatari alikuwamo Jackie Chan.

Lee alifariki dunia Hong Kong Julai 20, 1973 kwa uvimbe wa ubongo, akiwa na miaka 32, na akazikwa Seattle. Majuma machache baadaye filamu hiyo ilianza kuoneshwa Marekani, na nafasi aliyonyimwa kwa miaka mingi ikalipeleka jina lake duniani kote.