Ernst Lubitsch, Fundi wa Filamu za Kuimba

Kurasa kama hizi huandikwa sana habari za wafalme na majemadari. Mimi nimemchagua mtu wa filamu, hayati Ernst Lubitsch.

Alizaliwa Berlin, Ujerumani, mwaka wa 1892, mwana wa fundi cherehani Myahudi. Aliacha shule akiwa na miaka 16, yaani umri wangu huu (walimu msiogope). Mchana alifanya kazi dukani kwa baba yake, usiku akachekesha watu jukwaani. Baadaye akawa mwongozaji wa filamu, jina likavuma, na mwishoni mwa 1922 akaenda Marekani.

Sasa, opereta ni kitu gani? Ni mchezo wa jukwaani wa mapenzi na vichekesho. Wahusika wanaongea, mara wanaanza kuimba. Wasomali wenzangu wafikirie riwaayad zetu zenye nyimbo, wataelewa upesi. Basi mwaka wa 1927 jamaa huyu alichukua hadithi ya opereta The Student Prince akaitengenezea filamu isiyo na sauti! Muziki ulipigwa na wanamuziki mle ukumbini, na huzuni ya mwana wa mfalme anayelazimika kumwacha msichana wa mkahawani ikabidi ionekane usoni tu. Na ilionekana.

Sauti ilipoingia alitoa The Smiling Lieutenant (1931), kisha The Merry Widow (1934) kutokana na opereta ya Franz Lehár. Hii ya pili ilikula pesa nyingi na haikuzirudisha, lakini ndiyo ninayoipenda. Kuna mahali mfalme anatoka chumbani kwa malkia, na ofisa kijana anaingia. Kamera inabaki nje ya mlango. Mfalme anakumbuka mkanda wake wa upanga, anarudi kuuchukua, anatoka akijaribu kuufunga. Wapi! Haumfiki kiunoni. Hapo ndipo anaelewa, nasi tunaelewa, na hakuna aibu yoyote iliyoonyeshwa.

Mwaka wa 1935 serikali ya Hitler ilimvua uraia. Hapa Dagahaley sina haja ya kumweleza mtu maana ya kukosa nchi inayokukubali. Marekani ilimpa uraia mwaka wa 1936, ila Wanazi hawakutosheka: mwaka wa 1940 wakatia picha zake katika filamu ya kuwatukana Wayahudi. Eti yeye, aliyewachekesha Wajerumani tangu ujana wake!

Kinachonishangaza ni kwamba hata baada ya hayo yote aliirudia opereta iliyochezwa kwanza Berlin, mji wake, mwaka wa 1919. Alikuwa akiitengeneza kwa jina la That Lady in Ermine alipokufa kwa ugonjwa wa moyo, tarehe 30 Novemba 1947. Otto Preminger aliimalizia. Ilipotoka mwaka wa 1948, jina la mwongozaji lililoandikwa lilikuwa la Lubitsch peke yake.