Meno ya Ota Benga

Mara ya kwanza nilimwona Ota Benga katika picha: kijana wa Kongo anayetabasamu, meno yamechongwa ncha. Kwao huo ulikuwa urembo. Mwaka 1904 Samuel Verner alimpeleka Marekani, kwenye maonyesho ya St. Louis, magazeti yakamwita mla watu. Mwezi wa Septemba 1906 aliwekwa New York katika nyumba ya nyani, maelfu wakaja kumcheka. Baadaye, huko Lynchburg, meno yake yalifunikwa ili afanane na wengine. Alijiua tarehe 20 Machi 1916.

Nyanya yangu alikuwa na meno kama hayo. Utotoni nilimwonea haya mbele ya wenzangu. Leo najiuliza: macho yale yalikuwa yangu, ao ya magazeti?