Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui: Mwanahabari wa Mvita

Historia ya uandishi wa habari kwa Kiswahili aghalabu huanzia kwenye magazeti ya wamisionari na ya serikali za kikoloni. Masimulizi ya namna hiyo humsahau mwanachuoni wa Mji wa Kale wa Mombasa aliyetoa magazeti yake mwenyewe kwa lugha ya watu wake: Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui.

Alizaliwa Mombasa mwaka 1891, katika ukoo uliokuwa umeitawala Mvita hadi mwaka 1837. Babake, Sheikh Ali bin Abdalla, alifariki mwaka 1894. Mtoto akasomeshwa na jamaa yake, Sheikh Suleiman bin Ali Mazrui, na baadaye akasoma Unguja kwa Sayyid Ahmad bin Sumeit na Sheikh Abdalla Bakathir. Aidha, alikuwa msomaji wa Al-Manar, jarida la Rashid Rida lililotolewa Cairo. Humo aliona jinsi kurasa chache zinavyoweza kuutoa mjadala katika darasa za wanavyuoni na kuufikisha kwa umma.

Mwaka 1930 alianzisha Sahifa, na mwaka 1932 akaanzisha Al-Islah, yaani marekebisho. Wakati huo una uzito kwetu wanafunzi wa lugha. Mkutano uliofanyika Mombasa mwaka 1928 ulikuwa umekichagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu, na mwaka 1930 Kamati ya Lugha ikaanza kazi yake. Mwaka huohuo, Sheikh Al-Amin alikuwa akiandika juu ya mambo ya siku kwa Kiswahili cha Mvita na kwa hati za Kiarabu, ambazo watoto wa pwani walijifunza chuoni.

Hakuwabembeleza wasomaji wake. Aliwakemea kwa kupuuza elimu, kwa israfu na kwa mila alizoziona kuwa bidaa. Aliwahimiza watafute elimu za kisasa, ila akawaonya wasimwige Mzungu kwa kila jambo. Baadhi ya wanavyuoni wenziwe hawakukubaliana naye, hasa katika suala la bidaa.

Mwaka 1932 aliteuliwa Kadhi wa Mombasa, na mwaka 1937 akawa Kadhi Mkuu wa Kenya. Al-Islah haikuvuka mwaka 1933. Cheo kilimpa mamlaka ya kuhukumu. Lakini mji ulipoteza gazeti lililothubutu kuusema mbele ya macho yake. Hasara hiyo haifidiwi kwa urahisi, kwani kadhi huwasikiliza wanaomjia, ilhali gazeti huwaendea hata wasiotaka kuambiwa.

Hata hivyo, maneno yake hayakupotea. Mwaka 1944 makala zake zilikusanywa katika kitabu, Uwongozi. Alifariki mwaka 1947, akiwaacha wanafunzi kama Sheikh Muhammad Kasim Mazrui na Sheikh Abdalla Saleh Farsy, ambao nao waliandika kwa Kiswahili. Mwanawe, Profesa Ali Mazrui, aliyefariki mwaka 2014, aliupeleka mjadala kwenye televisheni mwaka 1986 katika mfululizo wa vipindi kuhusu Afrika.

Magazeti ya Sheikh Al-Amin yalidumu takriban miaka mitatu tu. Hata hivyo, yanatosha kuthibitisha kwamba kabla ya Kiswahili sanifu kuenea, Kimvita kilikuwa kimekwisha kubeba hoja nzito za zama zake. Hivyo basi, mtafiti wa lugha ya habari asiyezisoma kurasa hizo ameianza historia katikati.